Huna Ugonjwa, Una Njombe

Siku ya kuniaga nilisema maneno machache sana, kwa sababu pilau ilikuwa inapoa na upepo wa Makambako haumsubiri mtu amalize hotuba. Wenzangu vijana wa kliniki ya moyo mkanilaumu: Sista, miaka yote hiyo, halafu unasema "asanteni" na kukaa? Haya. Sasa niko nyumbani, nina meza, nina chai ya tangawizi, na hakuna foleni mlangoni. Anayetafuta habari za vyeo na mishahara afunge hapa hapa, asijichoshe. Nitawaandikia habari za mashine, za baridi, za bwana mmoja Mkinga aliyenifundisha kazi, na za mama mmoja wa Matembwe ambaye nilimkosea.

Nilianzia katika hospitali moja ya Njombe, muuguzi mbichi, viatu vyeupe vikinibana. Juma la kwanza nikakabidhiwa kwa Daktari Sanga, aliyesimamia chumba cha kupimia moyo. Kwa vyeti alikuwa tabibu, lakini kwetu mtu akishavaa koti jeupe ni daktari, hata akikataa. Alitoka Iwawa, kule Makete, ambako viazi huamka vimefunikwa na sakitu, umande ulioganda, kwa hiyo aliidharau baridi ya Njombe waziwazi. Sisi tumejikunyata ndani ya masweta mawili mawili, yeye amekunja mikono ya shati hadi kwenye viwiko.

"Hii ndiyo mnaita baridi?" alikuwa akituuliza. "Kwetu huu ni mchana."

Mashine yetu ya ECG, ile inayochora mapigo ya moyo kwenye karatasi, ilikuwa nzito kama begi la mtu anayehama. Ilikuwa na vikombe vya mpira vya kunyonya kifuani, na mpira wenyewe ulikuwa umechoka: ukibandika cha sita, cha kwanza kinadondoka. Siku yangu ya kwanza niliunganisha waya za mikono kinyume. Karatasi ikatoka, Daktari Sanga akaitazama, akamtazama mgonjwa, akanitazama mimi.

"Ajabu," akasema. "Mama huyu moyo wake umehamia upande wa pili tangu asubuhi?"

"Sijui, daktari."

"Mimi najua. Mvue waya, msalimie kwa mkono, halafu uanze upya. Mkono atakaokupa ndio wa kulia."

Nilitamani ardhi ipasuke. Lakini tangu siku hiyo kila mgonjwa nilimsalimia kwa mkono kabla ya kumfunga waya, na wagonjwa wakanisifu kwa adabu yangu. Hawakujua ilikotoka.

Sasa nisikilizeni vizuri hapa, kwa sababu mambo yote yanayofuata yanasimama juu ya jambo hili. Moyo una vyumba vinne. Viwili vya juu vinatakiwa kubana kwa pamoja, ndipo vya chini vipige. Kwa mwenye ugonjwa ule ambao madaktari huandika AF, vyumba vya juu havibani. Vinapapatika tu, kama kuku aliyeshikwa mabawa. Vya chini vinapokea amri ovyo ovyo: mapigo mawili ya haraka, moja limechelewa, matatu tena ya haraka. Damu inatuama kule juu, inaweza kuganda, na bonge likichomoka likapanda kichwani, hicho ni kiharusi. Kwenye karatasi, kile kilima kidogo kinachotangulia kila pigo kinapotea, na mstari unabaki unatetemeka.

Shida ya Njombe ni kwamba kila kitu kinatetemeka. Mwezi wa saba unamwambia mtu avue sweta, avue sweta la ndani, afungue kitenge, alale kwenye kitanda chenye mpira wa baridi. Meno yanagongana, misuli inacheza, na mashine, ambayo haijui baridi ni nini, inaandika mtetemo ule ule. Tulijaribu jiko la mkaa chumbani. Ukifunga dirisha moshi utaua watu, ukifungua, joto lote linaondoka, moshi unabaki. Mwisho tukabaki na blanketi na chupa ya maji ya moto iliyofungwa kwa kitenge, apewe mgonjwa aikumbatie kwa robo saa. Hata leo hakuna kifaa ninachokiheshimu kama ile chupa.

Daktari Sanga akanipa na dawa ya pili. Alichukua bahasha ya kaki, akaweka ukingo wake chini ya mstari, akautia alama za peni mkabala na ncha tatu za mapigo yanayofuatana. Kisha akaisogeza bahasha mbele.

"Alama zikiangukia kwenye ncha, huyo anatetemeka baridi tu. Zisipoangukia popote, sista, weka blanketi pembeni uniite. Baridi inatetemesha mstari, haitetemeshi hesabu."

Nilifanya hivyo mwaka wa kwanza, wa pili, wa tatu. Kisha nikawa fundi. Mnajua mtu akiwa fundi anavyokuwa. Niliitazama karatasi ikitoka tu, nikasema hii baridi, hii AF, hii ulanzi. Ndiyo, ulanzi: masika mianzi inapogemwa, wazee wanakunywa kutwa nzima, na kesho yake wanakuja wakishika vifua, moyo unakwenda mbio kama umeiba. Kwa wengi wao ulitulia wenyewe, wakarudi kwenye mianzi yao wakiwa na amani.

Basi ikaja asubuhi moja ya Julai, uwanja wa hospitali umekuwa mweupe kwa sakitu. Daktari Sanga alikuwa kwenye mafunzo. Foleni ilifika langoni, na maji ya moto yalikuwa yamekwisha. Akaingia Mama Neema, mkulima wa Matembwe, mumewe mpasua mbao. Alikuwa na miaka arobaini na kitu, mnene kidogo, mwenye presha, na mwimbaji wa kwaya ya usharika wake.

"Kamwene, sista. Moyo wangu unarukaruka," akaniambia. "Nikiimba, pumzi inaisha katikati ya ubeti. Nashindwa hata kupanda mlima wa shambani."

Alivua masweta matatu. Alitetemeka mpaka kitanda kikalia. Karatasi ikatoka, mstari umejaa mtetemo, nikaitazama kwa kiasi cha kumeza mate. Bahasha ilikuwa mezani pale pale. Sikuigusa. Nikaandika pembeni kwa peni ya bluu: *Baridi.*

"Huna ugonjwa wa moyo, mama," nikamwambia kwa sauti ya kusikika mpaka kwenye foleni. "Una Njombe!"

Watu wakacheka. Mama Neema naye akacheka, akavaa masweta yake, akanishukuru. Mimi nikajiona mjanja, na siku ile nilirudia maneno hayo kwa wagonjwa wengine wawili.

Juma la tano baada ya hapo walimleta amelala nyuma ya gari la mbao. Mdomo umeenda upande, mkono wa kulia umekufa, na maneno hayakuwepo. Alitutazama akitaka kusema kitu, ikatoka sauti moja tu. Mapigo yake niliyashika kwenye kifundo cha mkono, na sikuhitaji mashine. Yalikuwa yanakuja ovyo ovyo.

Daktari Sanga akafungua faili. Akaitoa karatasi yangu, akaisoma, akachukua bahasha. Nilifikiri atapima. Akanipa mimi.

"Pima wewe, sista."

Nikatia alama tatu. Nikasogeza. Hazikuangukia popote. Nikasogeza tena na tena mpaka karatasi ikaisha. Alikuwa nao siku ile. Ugonjwa ulikuwa umelala mbele yangu kwenye karatasi, nikaufanyia mzaha.

Hakunifokea. Afadhali angefoka. Alitoa fotokopi, akaiweka kwenye faili, na ile karatasi yenyewe akanikabidhi. "Hii kaa nayo. Usiitundike, usiitupe." Nilikwenda kulia kwenye stoo ya mashuka. Baada ya muda akagonga mlango. "Lia mpaka saa nne," akasema. "Saa nne kuna foleni."

Namshukuru Mungu kwamba Mama Neema hakufa. Mguu ulirudi upesi, mkono nusu nusu. Maneno ndiyo yaligoma. Alishindwa kuomba maji. Lakini Jumapili moja wenzake wa kwaya walikuja wodini, wakaanza wimbo, na huyu mama ambaye hakuweza kutamka "maji" akaingia na sauti yake ya pili, maneno yote, ubeti mzima. Nilikuwa nimeshika sinia la dawa, ikabidi niliweke chini. Daktari Sanga alisema maneno ya nyimbo yana njia nyingine kichwani, na tangu hapo tukamfundisha kuongea kwa kumwanzishia nyimbo. Ilichukua zaidi ya mwaka.

Yaliyofuata ni kazi ya kila siku, na kazi ya kila siku ndiyo inayookoa watu. Tulimpa vidonge vya kupunguza kasi ya moyo na wafarini ya kuzuia damu isigande. Wafarini inataka subira: leo damu nyepesi mno, kesho nzito. Na hapa ninyi vijana mnakosea kama tulivyokosea sisi. Tulimwambia Mzee Haule wa Mlangali kwamba mboga za majani zinapunguza nguvu ya dawa. Mzee akaacha mboga kabisa, miezi minne maharage tu, tukampangia dozi. Mvua ziliponyesha, majani ya maboga yakachipua, akasamehe kila kitu: asubuhi mboga, mchana mboga, jioni mboga. Damu yake ikawa nzito kama uji. Nilipomuuliza akasema, "Mwanangu, mlisema zinapunguza dawa. Nilikuwa naipumzisha." Usimwambie Mbena wala Mpangwa aache mboga. Mwambie ale kiasi kile kile kila juma, masika na kiangazi.

Nilipohamishiwa Makambako, nilidhani nimeachana na Mama Neema. Mwezi haukuisha, nikamwona kwenye benchi, amejifunga kitenge kwa upepo. Anatoka Matembwe, anapita Njombe yote yenye mashine mpya, anapanda gari lingine mpaka huku.

"Mama, huko Njombe hawapimi?"

"Wanapima," akasema. "Habari za hapa?"

Nikadhani ni mazoea tu. Nikapima, kwa bahasha, mara mbili, kama nilivyompima kila mara tangu alipougua. Ile karatasi ya zamani ilikuwa kwenye mtoto wa meza yangu, hatua mbili kutoka kitandani kwake. Kila alipokuja nilisema leo nitamwambia. Kila alipoondoka nilikuwa sijamwambia. Nilikuwa mwoga, basi.

Kwa miaka vidonge vilimtosha, kisha havikutosha. Moyo ulipapatika siku tatu kwa juma, akiwa jikoni, akiwa kanisani. Kwenye hospitali ya rufaa walimlaza usingizi, wakaushtua moyo kwa umeme, ukatulia miezi sita ukarudi. Ndipo daktari wetu akaleta habari kwamba Dar es Salaam, wataalamu wanaingiza mirija myembamba kupitia mshipa wa kinena, inapanda mpaka moyoni, na wanachoma sehemu ndogo ndogo kuzunguka mishipa inayotoka mapafuni, kule vurugu inakoanzia. Kovu likikaa, vurugu haivuki. Si kwa kila mtu. Mzee Haule, kwa umri wake na moyo uliokwisha kutanuka, hawakumshauri, na vidonge vilimtunza vizuri hadi mwisho wake. Mama Neema walimpima, vilango vya moyo vizima, wakasema anafaa.

"Wanichome moyo, sista?" akaniuliza. "Moyo wenyewe?"

"Wenyewe, mama. Sehemu ndogo."

"Na nisipoamka?"

Nilimweleza yote, hatari hata ile ndogo, maana uongo nilishamwambia mara moja maishani. Kisha akauliza, "Ungekuwa wewe, ungekwenda?" Nikasema ningekwenda. Nilipolisema hilo nilijua kwamba akifia kule, nitakuwa nimemuua mara ya pili.

Nikachukua likizo, nikaenda naye na Baba Neema. Jasho la Dar es Salaam sitalisimulia. Walimwingiza asubuhi. Mimi na Baba Neema tukakaa kwenye benchi la nje, yeye anazungusha kofia mikononi, mimi nasali na kuhesabu vigae vya sakafu. Saa nne zilipita. Daktari alipotoka alikuwa kijana kama ninyi, jasho usoni, akasema, "Amevumilia vizuri." Baba Neema alimkumbatia, kofia ikaanguka. Mimi nililia bila kuulizwa, na safari hii hakuna aliyenipangia saa ya kunyamaza.

Mama Neema mwenyewe, alipoweza kukaa, alisimulia kwa ufupi: "Wamepita kwenye kinena kama mgeni anayeingilia mlango wa jikoni. Wamekuta moto umewashwa ovyo, wakauzima, wakatoka."

Juma la tatu baada ya kurudi akanipigia simu, analia. Moyo umeanza tena. Nikapiga Dar es Salaam, wakaniambia kwa upole: kovu linahitaji kama miezi mitatu kutulia, msihukumu mapema, na dawa ya damu asiiache, maana aliyepata kiharusi anaendelea nayo. Nikamwambia hivyo hivyo. Miezi ile mitatu ilikuwa mirefu kuliko mafunzo yangu yote ya uuguzi. Ulipoingia mwezi wa nne tangu achomwe, nikatia alama tatu kwenye bahasha, nikasogeza, zikaangukia. Nikasogeza tena, zikaangukia. Kwaya ikampokea kwa vigelegele, nasikia hata mchungaji alisahau mahubiri.

Siku yangu ya mwisho kazini ilikuwa Julai. Mgonjwa wa mwisho kwenye daftari alikuwa yeye. Sijui alimhonga nani. Nikafunga mlango, nikafungua mtoto wa meza, nikaitoa ile karatasi. Nyie mnaotumia karatasi hizi zinazochapwa kwa joto mnajua zinavyofifia. Mstari wote ulikuwa umefutika, hakuna pigo hata moja lililobaki. Kilichobaki ni neno langu la peni ya bluu.

"Mama Neema," nikasema, "siku ile ya kwanza ulikuwa nao. Sikupima. Nilikufanyia mzaha, ukarudi nyumbani na ugonjwa. Kiharusi kile ni mimi. Naomba unisamehe."

Aliishika karatasi kwa mkono ule ulionusurika nusu. Akalisoma lile neno moja.

"Nilijua," akasema.

"Ulijua nini?"

"Hayo. Daktari Sanga alimwambia Baba Neema siku ile ile wodini. Alisema, kipimo cha kwanza tulikisoma vibaya, tusameheni. Baba Neema alitaka nihamishwe. Maneno sikuwa nayo, lakini kichwa cha kukataa nilikuwa nacho."

Miaka yote hiyo nilidhani Daktari Sanga amenifichia. Kumbe alisema ukweli, akasema "tulikisoma", akajitia ndani na mimi, naye siku ile hakuwepo hata kazini. Amekwisha kutangulia mbele ya haki, sikuweza kumshukuru.

"Mbona hukuniambia kwamba unajua?" nikamuuliza.

"Mbona wewe hukuniambia?"

Akanirudishia karatasi.

"Niliona unavyonipima baada ya pale," akasema. "Kule Njombe wanaangalia mashine imeandika nini. Wewe unahesabu kama mama anayehesabu watoto mnadani. Nikasema, huyu hawezi kunikosea tena. Nitampata wapi mwingine anayeniogopea hivi? Ndiyo maana nilikuwa napanda gari. Haya, nipime, baridi inaniingia."

Nilimsalimia kwa mkono kama kawaida, nikamfunga waya. Nilimpa chupa ya maji ya moto, lakini upepo ulikuwa unapiga mabati, naye alitetemeka tu. Karatasi ikatoka, mstari umejaa mtetemo. Nikachukua bahasha. Nikatia alama tatu, nikasogeza, mpaka mwisho wa karatasi. Nikarudi mwanzo, nikarudia. Alikuwa ananitazama, amejikunja chini ya blanketi.

"Haya, sista. Leo nina nini?"

"Huna ugonjwa, mama," nikamwambia. "Una Makambako."

Alicheka yeye kwanza.